Wananiita mwizi kwa sababu ya laki mbili za riba

Mwalimu, shikamoo.

Mimi ni mama wa watoto watatu, naishi Morogoro, na ni mweka hazina wa kikoba chetu cha mtaani. Nakuandikia kwa sababu nimeitwa mwizi mbele ya wenzangu na sijui nijitetee vipi.

Kikoba chetu kinakopesha kwa riba ya asilimia 10 kwa mwezi. Kwenye katiba yetu tuliandika hivi: "Riba isiyolipwa hadi mwisho wa mwezi itaunganishwa na deni, na mwezi unaofuata vyote viwili vitatozwa riba." Tulijadili, tukakubaliana, kila mmoja akasaini.

Tarehe 1 Machi mwaka huu mwenzetu mmoja anayeuza samaki alikopa 600,000. Biashara ikamwendea vibaya, halafu akaugua, Aprili na Mei zikaishia hospitalini, alipotoka akaenda kwao kuuguzwa na ndugu. Hakurejesha hata shilingi. Mwanzoni mwa Novemba alirudi, akaja kikaoni mwenyewe bila kuitwa, akasema: "Niambieni deni langu nianze kulipa."

Nikafungua daftari nikasoma: 1,286,153. Kikao kikachafuka. Mwenyekiti akasema asilimia 10 ya laki sita ni elfu sitini, miezi minane ni 480,000, ukijumlisha na mkopo ni 1,080,000, na kwamba hata mtoto wa darasa la tano analijua hilo. Kijana mmoja akatoa simu, akapiga laki sita mara 1.1 mara 8, ikaja 5,280,000, watu wakashika vichwa. Basi mama mmoja akasema kwa sauti kila mtu asikie: "Hiyo laki mbili ya juu mweka hazina kaiweka ya kwake." Mwalimu, nimeshika fedha za watu hawa kwa uaminifu, na neno lile halijanitoka moyoni hadi leo. Binti yangu wa kidato cha tatu alirudia hesabu usiku ule akapata kama mimi, lakini hata yeye hajui awaeleze vipi watu wazima wakaelewa.

Kuna jambo la pili. Tumekubaliana kumsamehe riba ya miezi miwili aliyolazwa. Hapo nako tumegawanyika. Mmoja anasema tutoe asilimia 20 kwenye deni, mwingine anasema tutoe asilimia 10 mara mbili, na majibu yao hayafanani. Kikao ni Jumamosi.

Binti naye ana swali lake. Shuleni wamepewa hesabu ya sensa: Tanzania ilikuwa na watu 44,928,923 mwaka 2012, na 61,741,120 mwaka 2022. Yeye aliona ongezeko ni asilimia 37.4, akagawa kwa miaka 10, akapata 3.7. Mbona takwimu rasmi zinasema asilimia 3.2 kwa mwaka? Anauliza kosa liko wapi.

Mweka Hazina, Morogoro

*

Marahaba, dada yangu, na pole sana. Kuitwa mwizi na watu unaokutana nao kila siku sokoni na msibani si jambo dogo, na nataka uingie kikaoni Jumamosi ukiwa na kila kitu mkononi. Hesabu yako ni sahihi. Kwa katiba mliyosaini, deni la mwenzenu hadi mwisho wa Oktoba ni shilingi 1,286,153, na hakuna hata shilingi moja humo uliyoiongeza wewe.

Mwenyekiti naye hajakosea kuzidisha. Elfu sitini mara nane ni 480,000 kweli. Ila amejibu swali ambalo katiba haikuuliza. Yeye ametoza kila mwezi asilimia 10 ya zile laki sita za tarehe 1 Machi, kana kwamba deni lilibaki palepale. Katiba inataka asilimia 10 ya deni lililopo mwezi huo, na deni lililopo mwezi huo lilikuwa linakua. Ndiyo maana mtu akitaja asilimia, kabla hujashika kalamu muulize: asilimia ya nini? Ugomvi wenu wote umekaa kwenye swali hilo, na mngelijibu kwanza pengine msingefika kwenye matusi.

Usiende Jumamosi na jibu moja la mwisho, kwa sababu jibu moja la mwisho ndilo lililokuponza. Watu waliona namba ngeni imetoka kwenye daftari lako na hawakuona ilikopita. Nenda na karatasi kubwa, ile ya manila, uibandike ukutani, na uiandike mbele yao mstari kwa mstari:

Machi: deni 600,000, riba 60,000, jumla 660,000.
Aprili: deni 660,000, riba 66,000, jumla 726,000.
Mei: deni 726,000, riba 72,600, jumla 798,600.
Juni: deni 798,600; riba 79,860; jumla 878,460.
Julai: deni 878,460, riba 87,846, jumla 966,306.
Agosti: deni 966,306, riba 96,631, jumla 1,062,937.
Septemba: deni 1,062,937, riba 106,294, jumla 1,169,230.
Oktoba: deni 1,169,230, riba 116,923, jumla 1,286,153.

(Senti nimezibeba kichwani hadi mwisho na kuandika shilingi nzima tu, ndiyo maana Septemba utaona kama shilingi moja imepungua. Mkitaka, kubalianeni kwamba jumla ya mwisho mnaishusha hadi 50 ya karibu, maana chini ya hapo hakuna sarafu ya kulipana. Lakini msizungushe namba kila mwezi halafu na mwisho tena, mtaanza ugomvi mpya.)

Mistari mitatu ya kwanza mpe mwenyekiti aikokotoe mwenyewe kwa mdomo wake. Machi atapata elfu sitini, mtakuwa pamoja. Aprili muulize kwa adabu: "Mwenyekiti, mwenzetu hakulipa ile elfu sitini. Katiba inasema iende wapi?" Akisoma kifungu, atasema mwenyewe kwamba deni sasa ni 660,000, na asilimia 10 yake ni 66,000. Hapo ndipo njia zenu zilipoachana, kwenye shilingi elfu sita tu za mwezi wa Aprili. Hizo elfu sita ni asilimia 10 ya elfu sitini ambayo haikulipwa, yaani riba ya riba.

Sasa mtafutieni yule mama ile laki mbili yake. Tofauti kati ya daftari lako na hesabu ya mwenyekiti ni 206,153. Chukua safu ya riba, kila mwezi utoe elfu sitini, uone kinachobaki: Machi hakuna, Aprili 6,000, Mei 12,600, Juni 19,860, Julai 27,846, Agosti 36,631, Septemba 46,294, Oktoba 56,923. Jumlisha hizo zote uone kama hazitimii 206,153, au zikapishana kwa shilingi moja kwa ajili ya senti. Kila shilingi ina mwezi wake na ina sababu yake, na sababu yenyewe iko kwenye kifungu alichokisaini yeye mama. Ona pia jinsi zinavyokwenda: Aprili tofauti ilikuwa elfu sita, Oktoba peke yake imekaribia elfu hamsini na saba. Ndiyo maana watu hawaioni mapema. Miezi mitatu ya mwanzo njia hizi mbili zinakaribiana sana, mtu anazoea hesabu ya mwenyekiti, na anakuja kushtuka baadaye.

Kuhusu kijana wa simu, msimcheke, alikuwa karibu na ukweli kuliko alivyodhani. Ile 1.1 aliyoitumia ndiyo namba hasa inayotakiwa. Deni zima ni 1, riba ni 0.1, ukiunganisha ni 1.1, kwa hiyo kupandisha kitu kwa asilimia 10 ni kukizidisha kwa 1.1. Alipoteleza ni pale aliposema "mara 8". Alichotakiwa ni kuzidisha kwa 1.1, jibu alizidishe tena kwa 1.1, na tena, mpaka itimie mara nane. Yeye alizidisha mara moja halafu akaongeza namba nane yenyewe, na 1.1 mara 8 ni 8.8, yaani anadai deni limekuwa karibu mara tisa.

Kuzidisha mara nane kunachosha na vidole huteleza, kwa hiyo nikupe njia ya mkato inayofanya kazi hata kwenye simu ya kitochi. Zidisha 1.1 kwa 1.1, unapata 1.21, hiyo ni miezi miwili. Zidisha 1.21 kwa 1.21, unapata 1.4641, hiyo ni miezi minne. Zidisha 1.4641 kwa 1.4641, unapata 2.1436 na ushee. Hiyo ni miezi minane. Umezidisha mara tatu tu. Laki sita mara 2.14358881 ni 1,286,153. Kwenye simu nyingi za kupapasa, ukifungua kikokotoo na kuilaza simu, kunatokea kitufe cha kipeo, unaandika 1.1 kipeo 8 unamaliza, lakini mimi napenda njia ya kwanza kwa sababu wanakikundi wanaiona ikitokea mbele ya macho yao.

Na wale wasiotaka kabisa habari za desimali, wape kipimo cha kukagua. Chukua 72, igawe kwa asilimia ya ukuaji, unapata muda ambao kitu kitachukua kukua mara mbili. Kwenu ni 72 gawanya kwa 10, miezi 7 na kidogo. Kwa hiyo mwisho wa Septemba, yaani miezi saba tangu akope, deni la 600,000 lilipaswa kuwa linakaribia 1,200,000, na mwisho wa Oktoba liwe limeipita. Sasa pima majibu matatu ya kikao chenu: 1,080,000 haijafika hata mara mbili, 5,280,000 imeruka mno, na 1,286,153 imekaa mahali pake. Kanuni hii ya 72 ilichapishwa Venice mwaka 1494 katika kitabu cha hesabu cha Luca Pacioli, kikiwa kimeandikwa kwa ajili ya wafanyabiashara miongoni mwa wengine, na ni makadirio tu, lakini kwa viwango vya kawaida inakaribia sana. Swali lenyewe ni la zamani zaidi ya hapo. Kuna kibao cha udongo cha Babeli, cha karibu miaka 4,000 iliyopita, kilichohifadhiwa katika makumbusho ya Louvre kule Paris, kinachouliza mkopo wa riba ya asilimia 20 kwa mwaka utachukua muda gani kufikia mara mbili. Watu wamekopeshana na kubishana juu ya jambo hili tangu enzi hizo, kwa hiyo kikoba chenu hakina la kuonea aibu.

Tuje kwenye msamaha. Nimefurahi sana kusoma kwamba mmekubaliana, na ningesikitika kuona wema huo unaharibiwa na hesabu. Kwanza ondoeni wazo kwamba kupunguza asilimia 10 kunafuta asilimia 10 iliyopanda. Jaribuni kwa laki sita: ikipanda asilimia 10 inakuwa 660,000. Ikishuka asilimia 10 hairudi 600,000, inakuwa 594,000. Mmepanda kwa asilimia 10 ya kiasi kidogo na kushuka kwa asilimia 10 ya kiasi kikubwa. Swali ni lilelile, asilimia ya nini.

Kwa hiyo anayesema mtoe asilimia 20 atapata 1,028,923. Anayesema mtoe asilimia 10 mara mbili atapata 1,041,784. Hakuna kati yao aliyefuta miezi miwili. Wote wamefuta zaidi kidogo, kila mmoja kwa kiasi chake. Kusamehe riba ya miezi miwili maana yake ni kwamba riba imetozwa mara sita badala ya mara nane, basi. Laki sita ikizidishwa kwa 1.1 mara sita ni 1,062,937. Ukitaka kuifikia kutoka mwisho, gawanya 1,286,153 kwa 1.21, maana 1.21 ndiyo miezi miwili. Kilichoingia kwa kuzidisha kinatoka kwa kugawanya.

Hapa atasimama mtu aseme: lakini alilazwa Aprili na Mei, deni lilikuwa bado dogo, kwa hiyo riba ya miezi ile ni 66,000 na 72,600 tu, tumpunguzie 138,600 yaishe. Ni hoja nzuri na ijibiwe vizuri. Ukifuta Aprili na Mei, Juni inaanza na 660,000 badala ya 798,600, na kila mwezi unaofuata unakuwa mdogo kwa sababu hiyo. Endelea hadi Oktoba utafika 1,062,937 ileile. Ukifuta Septemba na Oktoba badala yake, unasimama kwenye mstari wa Agosti, na Agosti ni 1,062,937. Miezi yoyote miwili mtakayochagua, jibu ni hilohilo, kwa sababu ukizidisha namba kadhaa haijalishi uanze na ipi. Mwache kijana wa simu aijaribu kikaoni kwa miezi miwili atakayoichagua mwenyewe. Ikifika palepale, wengi watatulia kuliko kwa maneno yangu.

Kama kikundi kitapenda kumpunguzia zaidi ya hapo, hilo ni la moyo wenu, nami ningelipigia kura. Ila liandikwe kwenye muhtasari kuwa ni msamaha wa shilingi kadhaa, lisiandikwe kuwa ni masahihisho ya hesabu, kwa sababu ukiandika "masahihisho" umekubali kuwa daftari lilikosewa, na aliyekosea ni wewe.

Naomba niseme pia jambo ambalo hukuniuliza. Hesabu yako ni sahihi, lakini kanuni yenyewe ni nzito. Asilimia 10 kwa mwezi ikilimbikizwa haiwi asilimia 120 kwa mwaka, kama wengi wanavyodhani walipokuwa wanasaini. Ni asilimia 213.8. Yule dada angekaa miezi 12 bila kulipa, laki sita zake zingekuwa 1,883,057. Mtu anayeuza samaki kwa ndoo atapata wapi faida ya namna hiyo? Tunawalaumu sana wale wakopeshaji wa kausha damu, na tuna haki, lakini kifungu chenu kikimpata mgonjwa kinafanya kazi ileile, tofauti ni kwamba ninyi ni majirani zake. Sidhani kama mlikusudia hivyo. Mlikusudia kumsukuma mtu alipe mapema, na mkasahau kuweka mahali pa kusimama.

Kwa hiyo ningependekeza, baada ya suala hili kwisha, mkae kuirekebisha katiba kwa mikopo ijayo. Wekeni ukomo: kwa mfano, riba ilimbikizwe kwa miezi mitatu tu, baada ya hapo isimame, waitwe wadhamini na mkopaji mpange marejesho mapya. Au riba isilimbikizwe kabisa, mfuate njia ya mwenyekiti ya elfu sitini kila mwezi pamoja na faini ndogo ya kuchelewa. Njia yake ni halali kabisa, tatizo ni kwamba haikuwa ndiyo mliyoisaini. Mkimbadilishia mmoja kanuni katikati ya safari, yule aliyelipa kwa kanuni ya zamani mwezi uliopita atadai chenji yake, na atakuwa na haki.

Halafu, kabla mtu hajapokea mkopo, mwonyesheni kwa shilingi deni lake litakavyokuwa akinyamaza miezi mitatu, sita na kumi na mbili. Kwa laki sita, hizo ni 798,600, halafu 1,062,937, halafu 1,883,057. Asilimia 10 husikika ndogo, lakini hizo namba tatu kila mkopaji anazielewa, hata asiyejua kusoma.

Na waelezeni faida ya kulipa hata kidogo, mapema. Tuseme huyu dada, mwishoni mwa Mei, angemtuma mtu alete laki mbili tu. Deni la 798,600 lingeshuka hadi 598,600, na hadi Oktoba lingekuwa 964,051. Linganisha na 1,286,153: laki mbili za Mei zingemwondolea shilingi 322,102 za Oktoba. Mweka hazina akisahau kuingiza malipo hayo kwenye mwezi wake, akaja kuyatoa mwishoni kwenye jumla, atamdai mtu 1,086,153 na atakuwa amemwonea shilingi 122,102. Hapo ndipo daftari linapoweza kumwibia mwanachama bila mtu yeyote kukusudia. Kwa hiyo daftari lako liwe na safu tano: mwezi, deni la mwanzo, riba, alicholipa, deni la mwisho. Kila kikao soma mstari mmoja wa kila mkopaji kwa sauti, na mkopaji atie saini. Lingekuwa hivyo tangu Machi, namba ya Novemba isingemshtua mtu.

Kwa Jumamosi yenyewe, usianze kwa kulia wala kwa kumtaja yule mama. Omba dakika 15, bandika karatasi, someni kifungu cha katiba pamoja, mpe mwenyekiti kalamu. Mkimaliza mstari wa Oktoba, omba kikao kiandike kwenye muhtasari kwamba daftari limekaguliwa na limekutwa sahihi. Hilo usiliache. Neno "mwizi" lilisemwa hadharani, na kusafishwa kwako kuwe hadharani na kwa maandishi. Kama unaona joto bado ni kubwa, zungumza na mwenyekiti mapema mumwalike afisa maendeleo ya jamii wa kata aketi nanyi. Vikundi kama chenu vinatambuliwa na Sheria ya Huduma Ndogo za Fedha ya mwaka 2018, katika daraja la nne, na husajiliwa kupitia halmashauri, kwa hiyo si jambo geni kumwita. Macho ya mtu asiye na hisa kwenye kikoba hutuliza watu.

Sasa binti. Mwambie amefanya vizuri kushuku, na kwamba kosa lake ni kosa la mwenyekiti lililogeuzwa upande. Mwenyekiti alikuwa na asilimia ya mwezi mmoja, akaizidisha kwa idadi ya miezi. Yeye ana asilimia ya miaka 10, akaigawa kwa idadi ya miaka. Wote wawili wanachukulia kwamba kila kipindi kinaongeza kiasi kilekile. Lakini watoto waliozaliwa na watu waliohamia baada ya 2012 nao wamo kwenye hesabu ya mwaka unaofuata, na kati ya vijana waliohesabiwa wakiwa na miaka 13 wapo waliofika 2022 wakiwa wazazi. Asilimia ya kila mwaka inachukuliwa juu ya watu wote waliopo, wakiwemo walioongezeka mwaka uliotangulia.

Ajaribu jibu lake kwa kulirudisha mwanzo. Watu milioni 44.93 wakikua kwa asilimia 3.7 kila mwaka, wanazidishwa kwa 1.037 mara kumi, na hiyo ni karibu 1.438. Wangefika milioni 64.6. Sensa ya 2022 ilihesabu milioni 61.7. Jibu lake limezidisha watu karibu milioni 3.

Kulipata lililo sahihi, kwanza agawe 61,741,120 kwa 44,928,923. Atapata 1.3742. Hiyo ndiyo namba ya miaka 10 yote. Anachotafuta ni namba ambayo ikizidishwa yenyewe mara kumi inatoa 1.3742, yaani kipeuo cha kumi. Kikokotoo cha sayansi kitampa moja kwa moja 1.0323 akiandika 1.3742 kipeo 0.1. Lakini kwenye chumba cha mtihani wa Hisabati bila kikokotoo cha namna hiyo, akumbuke majedwali ya logi: atafute logi ya 1.3742, aigawe kwa 10, arudi kwenye antilogi. Na akiwa nyumbani na simu tu, abahatishe kwa akili: 1.03 ikizidishwa yenyewe mara kumi inatoa 1.344, ndogo, 1.035 mara kumi inatoa 1.411, kubwa, 1.032 mara kumi inatoa 1.370, ameshafika mlangoni. Ndiyo hiyo asilimia 3.2 ya takwimu rasmi.

Akimaliza, atumie kanuni ya 72 aliyoisoma mama yake hapo juu: 72 gawanya kwa 3.2 ni miaka 22 na nusu hivi. Kasi hiyo ikibaki bila kubadilika, watu milioni 61.7 wa mwaka 2022 wangekuwa zaidi ya milioni 120 ifikapo katikati ya miaka ya 2040. Kasi huwa inabadilika, kwa hiyo asiichukue kama utabiri. Akitaka kujipima bila msaada, sensa ya 2002 ilikuwa na watu takriban milioni 34.4. Atafute ukuaji wa kila mwaka kutoka hapo hadi 2012 kwa njia hiyohiyo, na jibu likimjia karibu na asilimia 2.7 ajue amepata.